Jogoo Mwenye Bawa la Tatu

Mwezi wa Pianepsioni, siku ya 7

Sikukuu ya maharage. Tumekula chungu kizima, na sasa kila mtu humu nyumbani anatafuta wa kumsingizia harufu.

Naanza kuandika leo kwa kuwa karatasi zipo. Nimeingia mwaka wa sitini, na sheria ya mji inataka mwananchi wa umri huo awe mwamuzi wa mashauri kwa mwaka mmoja. Anayekataa anavuliwa uraia. Sikukataa, wala sikuingiwa na wasiwasi. Nina masikio mazuri, sipokei zawadi na sipendi maneno mengi. Mke wangu Mirrine anasema mawili ya kwanza ni kweli. Basi nilinunua karatasi za mafunjo za kuandikia ushahidi, nyingine zikabaki, na mizeituni nayo mwaka huu imezaa mpaka matawi yanapiga magoti. Mavuno kama haya yanastahili kuandikwa na mtu.

Siku ya 8

Nilisahau kuandika kioja cha jana. Straton mwenye kinu cha mafuta alilewa mapema, na nyama ya sadaka ilipoanza kugawiwa akamnyooshea kidole Smikithos mchoma makaa, mbele ya kijiji kizima.

"Wewe mtupa ngao, usiguse nyama ya wanaume."

Watu waliacha kutafuna. Hapa kwetu unaweza kumwita mtu mlevi, mla rushwa au mwana wa punda, mkaendelea kunywa pamoja. Lakini neno hilo sheria imelikataza. Ukimwita mtu mtupa ngao, uthibitishe au utozwe faini. Na ukithibitisha, yeye ndiye amekwisha: haruhusiwi sokoni, haruhusiwi hekaluni, hasemi katika mkutano wa wananchi. Mtu akipoteza mkuki au kofia ya chuma hatumwulizi kitu, hivyo ni vyake mwenyewe. Ngao ndiyo inayomfunika mwenzako wa kushoto.

Smikithos aliweka nyama chini akaondoka. Sijawahi kumpenda. Ananuka moshi, hatazami watu machoni, na miaka ishirini na minne iliyopita alirudi kutoka vitani, kule mto Nemea, mikono mitupu. Mimi nilirudi na ngao. Iko ukutani, imechorwa jogoo mwekundu, na kila aingiaye kwangu humsalimu jogoo kwanza.

Siku ya 13

Mpwa wangu Teodotos amekuja kutoka mjini kusaidia kuvuna. Ana miaka ishirini na miwili na mikono laini. Asubuhi zake huzimalizia nje ya ukuta wa mji, kwenye bustani ya mizeituni ambako vijana huketi wakiulizana maswali. Huko mizeituni haivunwi, inakaliwa kivuli tu.

Alikuwa juu ya ngazi, fito mkononi, hajaangusha hata zeituni kumi.

"Mjomba, ujasiri ni nini?"

"Ni kusimama ulipopangwa. Piga tawi."

"Na punda wako jana, alipogoma kuvuka mfereji?"

"Punda hana akili."

"Kwa hiyo ujasiri unataka na akili."

"Unataka na fito. Piga tawi, Teodotos."

Alipiga moja, akanimwagia zeituni kichwani, akacheka. Kijana mzuri, ila mama yake, yaani dada yangu, alimlea kwa asali.

Siku ya 19

Mafuta ya kwanza yametoka kinuni kwa Straton. Nyumbani kwangu mafuta ya kwanza ni ya ngozi ya ngao, kisha ya miungu, kisha ya sahani. Mirrine aliishusha ngao akaipaka taratibu, nje na ndani, mkanda wa mkono mpaka kishikio.

"Jogoo wako ana bawa la tatu," akasema.

Anasema hivyo kila mwaka. Ni kweli, chini ya mkia, mwanga ukipita upande wa mlangoni, rangi imeinuka kidogo kama bawa dogo. Nikamjibu kwamba mchoraji alikuwa mlevi. Nami hujibu hivyo kila mwaka.

Siku ya 21

Mvua. Hatukuvuna.

Siku ya 22

Mvua tena. Teodotos ameuliza kama asiyeogopa kabisa ndiye jasiri. Nikasema ndiyo, ili anyamaze. Akasema basi Straton ndiye jasiri wetu wa kijiji, maana akilewa haogopi hata paa la kinu chake, na kumbe ujasiri unauzwa kwa birika. Nilienda kumtazama punda.

Siku ya 26

Kura za mashauri zimepigwa. Smikithos amemshtaki Straton kwa lile neno, na shauri limeniangukia mimi. Mwamuzi hawezi kulikwepa shauri lake, sheria ni ile ile.

Smikithos ana sababu ya kutosubiri. Binti yake anaolewa mwezi wa Gamelioni, mwezi wa harusi, na wazee wa bwana harusi wametuma habari kuwa kwanza wataona hukumu. Hawatachukua mke kwenye nyumba ya mtupa ngao. Nimemwambia Mirrine kuwa hili ni jambo la asubuhi moja. Kazi ya kwanza ya mwamuzi ni kupatanisha. Straton ataomba radhi kwa kusingizia divai, Smikithos ataguna kama kawaida yake, nami nitarudi kabla mkate haujapoa.

Maimakterioni, siku ya 4

Nimerudi jioni, na mkate sikuutaka.

Tuliketi chini ya ukumbi wa nguzo mjini, mimi kwenye kiti, wao wawili kwenye benchi, wananchi wachache wamesimama. Straton alianza, na alianza kwa kunitazama mimi.

"Mzee Hagnias, tunajisumbua bure. Wewe ulikuwepo Nemea. Mbio zilipoanza wewe ulirudi na ngao yako, sote tumekua tukiitazama ukutani. Huyu je, alirudi na nini?"

"Na mtu," Smikithos akasema.

"Mtu gani?"

"Simjui. Alikuwa wa kabila jingine, hata jina sikumwuliza."

Straton aliwageukia watu. "Mnasikia? Ameokoa mtu asiye na jina. Kunguru mwoga hukimbiza ubawa wake, kisha akifika kiotani husema alikuwa anambeba mwenzake."

Watu walicheka. Straton ana miaka thelathini na minne. Siku ya Nemea alikuwa bado hajajua kupenga kamasi. Nilimkanya, nikamwambia Smikithos aeleze.

Alieleza kwa maneno machache, akitazama mikono yake. Wasparta walikuwa wametuzunguka upande wa kushoto. Mstari ulivunjika, watu wakakimbilia mtoni. Kwenye matope alimkuta mtu amezama hadi kiuno, paja limepasuliwa, na kila anayepita anamkanyaga. Mikono miwili ilihitajika. Aliiegemeza ngao kwenye shina la mti wa ukingoni, akageuka akamvuta yule mtu, akamvuta sana, akamtoa. Aliporudi kuichukua ngao haikuwepo.

"Niliitua," akasema. "Sikuitupa."

"Na nani aliichukua?" akauliza Straton. "Msparta aliyeisahau yake nyumbani?"

Nilitakiwa kuandika kila kitu, basi nikauliza, kwa kuandika tu, ilikuwa na alama gani.

"Nyuki. Baba alikuwa na mizinga mlimani. Ilikuwa mpya, ilichorwa wiki ile tulipoondoka. Mbawa zimefunguka, hivi." Akafungua vidole vyake vyeusi.

Nikaandika "nyuki". Mkono haukutetemeka. Sikujua kuwa mkono wa mtu unaweza kuwa mnafiki kiasi hicho.

Nilijaribu kuwapatanisha kama sheria inavyotaka. Straton alikuwa tayari kusema alikuwa amelewa.

"Kila mtu anajua alikuwa amelewa," Smikithos akasema. "Mimi nataka ijulikane niliitua."

Nikaahirisha hadi mwezi wa Poseideoni, siku ya sita.

Siku ya 5

Nitaandika sasa, mchana, mlango ukiwa wazi, maana nikingoja nitaanza kujipamba.

Nilikuwa na miaka thelathini na sita. Vumbi lilikuwa zito kiasi kwamba Wasparta tuliwasikia kabla ya kuwaona, walikuwa wanapiga zumari na kutembea polepole, na ule upole wao ndio uliotuvunja. Aliyekuwa mbele yangu aligeuka. Nikageuka. Nilikimbia nikiwa na ngao mkononi kwa muda, kisha nikaivua. Watu husema ngao "ilianguka". Yangu haikuanguka. Niliitoa mkononi kwa utulivu kabisa, kama mtu anayevua kiatu mlangoni, kwa sababu ilikuwa nzito na mimi nilitaka kuishi. Aliyekuwa kushoto kwangu sijui alifunikwa na nani.

Hatua hamsini mbele, ukingoni mwa mto, niliona ngao imeegemezwa kwenye mti. Nyuki mpya, rangi haijakwaruzika. Nikasema, mwenye nayo amekufa. Nilisema kwa sauti ili nisadiki. Na hapo hapo, hatua kumi tu, niliona mgongo wa mtu aliyeinama kwenye matope akimvuta mwingine. Sikuuona uso. Niliuona mgongo, nikajua kabisa ngao ile ni ya mgongo ule, nikaichukua.

Kambini nilimpata mchoraji akafunika nyuki kwa jogoo wangu. Bawa moja lilimshinda kulificha vizuri. Sikujua mgongo ule ulikuwa wa nani. Smikithos wakati ule alikuwa akiishi mlimani na wachoma makaa, nilikuwa namjua kwa moshi tu. Jana ndipo nilipojua.

Siku za mwizi ni arobaini. Mimi nimepewa miaka ishirini na minne, na nyama ya mbele kila sikukuu.

Siku ya 6

Mvua. Jogoo yuko ukutani.

Siku ya 7

Mvua. Jogoo yuko ukutani.

Siku ya 9

Jua. Tumevuna mashariki ya kisima. Straton alipita akanipigia saluti kwa fito. "Shujaa wetu!" Nikamwitikia. Mazoea yana nguvu.

Siku ya 11

Nilikwenda kununua makaa, ingawa tunayo ya kutosha.

Smikithos alikuwa anachunga tanuri, lile tuta la udongo lenye kuni zinazoungua polepole ndani. Tulisimama bila kuzungumza, maana mwamuzi na mdai hawana cha kuzungumza. Mara udongo ukapasuka ubavuni, ulimi wa moto ukatoka. Alikimbia, akachota tope kwa mikono mitupu, akaupachika mkono wake kwenye ule mpasuko mpaka kiwiko, akalibandika tope lile, akaongeza jingine, akautoa mkono. Nywele za mkono zilikuwa zimekwisha.

"Huogopi?" nikamwuliza.

"Naogopa sana. Hewa ikiingia, kazi ya siku tisa inageuka majivu. Ndiyo maana nimekimbia."

Nimekuwa nikimwona huyu mtu kuwa haangalii watu machoni. Leo nimetambua kuwa watu ndio wasiomwangalia. Mimi wa kwanza.

Siku ya 17

Upepo mkali kutoka mlimani. Fito tatu zimevunjika. Tuliketi na Teodotos ghalani tukichambua majani kwenye zeituni, na safari hii mimi ndiye niliyeanza.

"Mtu akiwaogopa watu wa kijiji chake kuliko anavyomwogopa adui, huyo tumwite nani?"

Aliacha kuchambua. Hajazoea kuulizwa na mimi.

"Mjomba, kule bustanini tulikaribia kukubaliana kwamba ujasiri ni kujua. Unajua lipi la kuogopwa kweli na lipi si la kuogopwa. Anayekosea hapo ndiye mwoga, hata akiwa na mkuki."

"Na anayejua sawasawa, lakini hanyanyuki kwenye kiti?"

"Hapo ndipo tulipokwama."

"Mimi nimejua miaka ishirini na minne," nikamwambia. "Kujua hakukunisogeza hata hatua moja. Waambie wenzako hilo, waliweke kwenye mazungumzo yao."

Kisha nikamweleza yote. Nilitegemea aniulize swali. Hakuuliza. Alichambua zeituni zote zilizobaki peke yake, akanikataza nisinyanyue kikapu. Nilimdharau sana kijana huyu bure.

Siku ya 20

Hakuna la kuandika. Mirrine ana kikohozi.

Siku ya 23

Nimepata njia. Nimeamka nayo, na mchana kutwa nimetembea kifua mbele. Anayetakiwa kuthibitisha ni Straton, na Straton hana shahidi hata mmoja. Basi nitatamka kuwa hakuthibitisha, Smikithos atashinda, binti ataolewa, na jogoo atakaa anapokaa. Ni hukumu safi kisheria. Nilimweleza Mirrine akiwa anakanda unga.

"Na Straton akikata rufaa?"

Nikamweleza. Ushahidi wote uliotolewa mbele ya mwamuzi unatiwa kwenye chungu, chungu kinafungwa na kupigwa muhuri, na mahakama inafungua kile kile. Lisilokuwamo chunguni halisikilizwi.

"Na upande wa Smikithos, chunguni kutakuwa na nini?"

"Maneno yake."

"Maneno ya mchoma makaa," akasema. Aliugeuza unga, akaukunja, akaupiga. "Baba watoto, kisimani wanasema ngao ya Smikithos ilikuwa na nyuki. Lile bawa la tatu, ni la nyuki?"

Mtu anaweza kujiandaa kwa mkuki. Nilikaa kwenye gogo la kupasulia kuni.

"Ulijua?"

"Nilijua si yako, tangu siku ya kwanza. Mkanda wa mkono ni mfupi. Mke anajua urefu wa mkono wa mumewe."

"Na miaka yote hii hukusema kitu."

"Ulikuwa umerudi. Nilichokuwa nangoja ni mume, sikuwa nangoja ngao." Akapangusa mikono. "Lakini kila mwaka nilikuuliza. Wewe ukamtupia lawama mchoraji."

Nililia kidogo, nikiri hapa. Yeye hakulia. Aliniambia nisogeze miguu, anataka kupita na unga.

Siku ya 24

Imebaki mizeituni minane. Nikimaliza shauri hili kwa kusema ukweli, yeyote atakaye katika mji wetu anaweza kunishtaki kwa kuacha ngao, na nitapoteza yote ambayo Smikithos alikuwa anapoteza. Nimeyapanga kichwani moja moja: soko, hekalu, mkutano, kiti cha mbele. Nilitegemea orodha hiyo initishe zaidi. Nilisikia njaa tu.

Siku ya 29

Theluji ya kwanza juu ya mlima. Miwili imebaki.

Poseideoni, siku ya 5

Tumemaliza kuvuna. Teodotos alipiga tawi la mwisho kwa fito, akaanguka kutoka ngazini bila kuumia, akainuka akisema sasa anajua lipi la kuogopwa: ngazi yangu. Tulicheka wote watatu, yeye, mimi na Mirrine. Kesho ni mjini.

Siku ya 6

Nitajaribu kuandika kwa mpangilio.

Asubuhi nilimshusha jogoo ukutani, nikaupitisha mkono kwenye mkanda. Ni mfupi kweli, unabana chini ya kiwiko. Mirrine alinipa mkoba wa chakula, akaninyoosha joho, akarudi ndani. Barabara ilikuwa na tope, na mtu wa miaka sitini akibeba ngao hadi mjini anajikumbusha kila kiungo cha mwili wake. Njiani Teodotos alinyoosha mikono.

"Niachie nikubebee, mjomba."

"Niliachia mara moja. Inatosha."

Tulipoingia ukumbini Straton aliinuka kwa furaha. Kijiji karibu chote kilikuwepo, pamoja na wazee wawili wa bwana harusi, wamesimama kando na nyuso za watu wanaonunua punda.

"Jamani, mwamuzi mwenyewe amemleta shahidi wangu. Tazameni: hivi ndivyo anavyorudi mwanamume."

Niliilaza ngao juu ya meza. Nilifungua mkoba nitafute kitambaa, na chini ya mkate na jibini nikakuta chupa ya siki na jiwe la kusugulia. Sikuwa nimemwomba. Sikuwa hata nimefikiria nitaonyeshaje.

Nilimwaga siki juu ya mkia wa jogoo, nikasugua. Watu walidhani nimerukwa na akili. Straton alisema, "Mzee, unamharibu," kwa sauti ya kuniomba kabisa, na nilimhurumia, maana amemsalimu yule jogoo tangu utoto. Rangi nyekundu ilitoka taratibu, ikanichafua mpaka kwenye vifundo. Kwanza lilikuja bawa. Kisha la pili. Kisha mwili wa manjano wenye mistari, mdogo, umechorwa vizuri kuliko jogoo wangu.

"Smikithos," nikasema, "njoo uitazame."

Alikuja. Hakuitazama mbele. Aliigeuza, akapitisha mkono kwenye mkanda, na ukamkaa. Alisimama hivyo, ngao mkononi.

Ndipo nikasema. Nilisema nilipovua yangu, na mahali, na mti, na hatua kumi, na mgongo. Nilisema yule mtu wa matopeni nilimwona kwa macho yangu akivutwa. Nilimwambia Teodotos aandike neno kwa neno, nikaikunja karatasi, nikaitia chunguni, nikakandika nta juu na kupiga muhuri. Kisha nikatoka nje hadi jiwe la viapo, ambalo mwamuzi hulipanda kabla ya hukumu. Ni jiwe la chini tu, hatua mbili. Nililipanda nikiwa na mikono myekundu, nikaapa, nikasema:

"Smikithos hakutupa ngao. Aliitua ili kuokoa mtu. Straton alimwita jina lisilo lake, na atalipa faini. Aliyetupa ngao Nemea ni mimi, Hagnias, na ya mwenzangu nikaiiba."

Sauti ilitoka vizuri. Niseme ukweli wote: ilikuwa sauti yangu ile ile ya kila siku, na ndani yangu palikuwa kama nyumba iliyofunguliwa madirisha.

Straton hakusema kitu juu ya rufaa. Alikaa kwenye benchi amekunja mikono, kama mtu aliyefiwa na baba. Wazee wa bwana harusi walimwendea Smikithos, wakamshika mkono, wakaanza habari za siku na mbuzi wa sherehe.

Alipowaacha alinijia. Alinitazama machoni. Macho yake ni ya kijivu. Miaka yote sikujua.

"Ngozi imetunzwa," akasema.

"Mke wangu. Kila mwaka, mafuta ya kwanza."

"Mwambie asante." Akaigeuza ngao. "Mimi nilidhani ni Msparta. Nimemlaani mtu wa watu miaka ishirini na minne, yuko kwao hana habari."

Sikujua kama nina ruhusa ya kucheka. Hakucheka.

"Siwezi kukusamehe leo, Hagnias. Nimekula nyama ya sikukuu nimesimama nyuma ya watu tangu binti yangu hajazaliwa."

"Sijaja kuomba hilo."

"Najua. Njoo harusini lakini. Njoo kabla hawajakushtaki, wakati bado unaruhusiwa kusimama penye sadaka. Tutaona moyo wangu utasemaje." Akaondoka na ngao yake mkononi, mkono ule usio na nywele.

Siku ya 7

Ukutani pamebaki duara jeupe. Mirrine ametundika ungo wake. Anasema siku zote alikosa mahali pa kuuweka.

Siku ya 9

Teodotos amerudi mjini. Nilimwuliza wenzake atawaambia ujasiri ni nini. Alisema hatawaambia, atawaeleza habari ya chupa ya siki, wakatafute wenyewe.

Siku ya 12

Hakuna aliyenishtaki bado. Kisimani wanamnyamazia Mirrine. Jana alirudi akasema amepata nafasi ya kuteka maji bila kusukumwa, na akaimba jioni yote.

Siku ya 14

Jua zuri, baridi. Nilipeleka zeituni za mwisho kinuni, kwa sababu haziendi zenyewe.

Foleni ilikuwa ndefu. Waliokuwa mbele yangu walijiviringisha ndani ya majoho yao, hakuna aliyenisalimu, na punda wangu ndiye pekee aliyesogezewa majani. Nilikaa juu ya gunia nikangoja kama wengine. Zamani nilipitishwa mbele. Nilitambua kuwa foleni ina mazungumzo mazuri, na kwamba nilikuwa nikiyakosa.

Zamu yangu ilipofika Straton alisimama mlangoni, mafuta mpaka mabegani. Hakuwa amelewa. Tangu siku ya sita hajalewa, wananiambia. Alinitazama, na nikaona jinsi neno lilivyokuwa likimpanda kooni, na jinsi alivyokuwa akiliogopa, maana limeshamponza mara moja.

"Mtupa ngao," akasema.

Nilipokuwa na jogoo ukutani ningemburuta mjini kabla jua halijazama, na ningeshinda. Leo ametamka neno lile lile na hajavunja sheria yoyote.

"Ndiye mimi," nikamjibu. "Shika upande ule wa gunia, Straton, ni zito."

Akashika.